Kuuza bunduki kupitia Facebook nchini Marekani: kampuni inakataza, je, sheria nayo inakataza?

Kibarazani (mleta uzi)

Wanajamvi, nawasalimu. Juzi katika uzi mwingine palizuka ubishi kuhusu jamaa aliyeweka picha ya bastola yake katika kundi la Facebook la Waafrika Mashariki waishio Marekani, akaandika kwamba anahamia jimbo lingine na anaiuza. Upande mmoja ulidai kwamba amekwisha kutenda kosa la jinai kwa kuweka tu lile tangazo. Upande wa pili ulijibu kwamba Marekani bunduki huuzwa kama viazi na kwamba hakuna wa kumuuliza. Mimi naona pande zote mbili zimekosea, na chanzo cha kosa ni kimoja: wamechanganya masharti ya kampuni na sheria ya nchi. Kwa kuwa wengi wetu huku Ohio, na hasa ndugu zetu waliotoka Kongo, tunaishi katika jimbo ambalo bunduki ni kitu cha kawaida nyumbani kwa jirani, nimeona jambo hili lipewe uzi wake.

Naanzia nyuma kidogo, kwa sababu suala la kuuziana silaha bila kuonana uso kwa uso halikuletwa na intaneti. Mwezi Machi 1963 Lee Harvey Oswald alijaza kuponi ya tangazo la jaridani, akaituma kwa duka la Klein's Sporting Goods la Chicago pamoja na hawala ya posta ya dola 21.45, akatumia jina la bandia, na bunduki ikamfikia Dallas kupitia sanduku la barua. Tarehe 22 Novemba mwaka huohuo Rais Kennedy aliuawa kwa bunduki hiyo. Bunge lilivutana kwa miaka mitano, na ni baada ya Martin Luther King na Robert Kennedy kuuawa ndipo ilipopitishwa Sheria ya Udhibiti wa Bunduki ya mwaka 1968, ambayo hadi leo ndiyo nguzo ya mambo haya yote. Sheria hiyo ilikomesha biashara ya kumtumia mwananchi wa kawaida bunduki kwa posta kutoka jimbo moja hadi jingine, na ikaamuru kwamba anayefanya biashara ya silaha awe na leseni ya serikali ya shirikisho.

Angalieni basi sheria hiyo inachouliza. Haiulizi tangazo liliwekwa wapi, liwe la gazetini, la ubao wa kanisani au la Facebook. Inauliza muuzaji ni nani, mnunuzi ni nani, na kila mmoja ni mkazi wa jimbo gani.

Muuzaji akiwa mfanyabiashara, lazima awe na leseni, amjazishe mnunuzi fomu namba 4473, kisha apeleke jina lake katika mfumo wa uchunguzi wa rekodi uitwao NICS, ulioanza kazi Novemba 1998 kutokana na Sheria ya Brady ya 1993. Muuzaji akiwa mtu binafsi anayeachana na bunduki yake mwenyewe, sheria ya shirikisho haimlazimishi kumfanyia mnunuzi uchunguzi wowote. Hapo ndipo majimbo yanapoingia. California, New York, Colorado, Washington na mengine kadhaa yanalazimisha hata watu binafsi wapitie kwa muuzaji mwenye leseni ili rekodi ziangaliwe. Ohio, Kentucky, Indiana na Texas hayalazimishi. Kwa hiyo tangazo lilelile, lenye picha ileile, linaweza kuishia katika mauzo halali Columbus, Ohio, na katika kosa la jinai Denver, Colorado.

Suala la ukaazi ndilo linalowaponza watu wengi, nami naomba msilipite haraka. Mtu asiye na leseni haruhusiwi kumuuzia bunduki mtu anayemjua, au mwenye sababu ya kumdhania, kuwa ni mkazi wa jimbo lingine. Cincinnati iko Ohio, na ukivuka daraja la mto uko Covington, Kentucky. Facebook haijui mpaka ule. Inachokuonyesha ni kwamba mnunuzi yuko umbali wa maili tatu. Mkikutana kwenye maegesho ya duka, ukampa bastola naye akakupa noti, mwuzaji umevunja sheria ya shirikisho hata kama nyote wawili hamna doa lolote katika rekodi zenu. Njia halali ni kuipitisha bastola hiyo kwa muuzaji mwenye leseni aliye katika jimbo la mnunuzi, ambaye atatoza ada yake na kufanya uchunguzi.

Sasa nije kwenye kampuni. Tovuti ya minada ya eBay iliacha kupokea matangazo ya bunduki mwaka 1999, na Craigslist, tovuti ya matangazo madogo ya kuuziana vitu, ikafuata mwaka 2007. Facebook ilichelewa sana. Machi 2014 ilitangaza kwamba itaondoa machapisho yanayojigamba kuuza bila uchunguzi wa rekodi na kwamba itawaficha watoto matangazo ya silaha, lakini ilikuwa bado inaruhusu watu kuuziana. Ni mwishoni mwa Januari 2016 ndipo ilipopiga marufuku watu binafsi kupanga mauzo ya bunduki katika Facebook na Instagram, huku maduka yenye leseni yakiachiwa nafasi ya kujitangaza ilimradi mauzo yenyewe yakamilikie nje ya jukwaa. YouTube na Reddit zilibana masharti yao Machi 2018, wiki chache baada ya wanafunzi na walimu kuuawa shuleni Parkland, Florida.

Hakuna hata moja kati ya hizo iliyo sheria. Ni masharti ya mwenye jukwaa, na adhabu yake ni kufutiwa chapisho au kufungiwa akaunti. Wale wanaolalamika kwamba Facebook inavunja Marekebisho ya Pili ya Katiba, yale yanayolinda haki ya kumiliki silaha, wasome tena: haki ile inaizuia serikali, haimlazimishi mwenye kampuni kukupa ukuta wake ubandike tangazo.

Kwa hiyo yule jamaa wa bastola amevunja masharti ya Facebook bila shaka yoyote. Kama amevunja sheria, hilo halijulikani mpaka tujue atamkabidhi nani, wapi, na kama hii ni bastola yake ya kwanza kuuza au ni ya ishirini mwaka huu.

Mto Ruzizi

Ndugu Kibarazani, nakushukuru kwa maelezo, ila kuna mahali sijaridhika. Unasema kampuni zinakataza kwa hiari yao. Je, zingeruhusu, na bunduki iliyotangazwa humo ikaua mtu, kampuni isingeshtakiwa? Naona kama hofu ya mahakama ndiyo iliyowasukuma kukataza, wala si wema.

Kibarazani

Mkuu, swali lako lina jibu katika kesi halisi, na jibu lenyewe linaenda kinyume na unavyodhani.

Craigslist ilipokataza bunduki mwaka 2007, pengo lile lilijazwa na tovuti iitwayo Armslist, iliyoanzishwa mwaka huohuo kwa ajili ya matangazo ya bunduki pekee. Oktoba 2012 huko Wisconsin mahakama ilimwekea mwanamume mmoja amri ya kutomkaribia mke wake kwa sababu ya vipigo, na kwa sheria ya shirikisho amri ya namna hiyo humwondolea mtu haki ya kuwa na bunduki. Dukani angekataliwa. Akaingia Armslist, ambako mtafutaji aliweza kuchuja matangazo abakiziwe ya watu binafsi tu, akakutana na muuzaji, akalipa taslimu. Kesho yake aliingia katika saluni alikokuwa akifanya kazi mke wake, mjini Brookfield, akaua wanawake watatu akiwemo mke wake, akajeruhi wengine wanne, kisha akajiua.

Familia iliishtaki Armslist kwa hoja kwamba tovuti ilijengwa kwa namna inayowarahisishia watu waliokatazwa. Mwezi Aprili 2019 Mahakama ya Juu ya Wisconsin iliitupa kesi hiyo kwa kutumia Kifungu cha 230 cha sheria ya mawasiliano ya mwaka 1996, kinachosema kwamba mwenye tovuti hahesabiwi kuwa msemaji wa maneno yaliyoandikwa na mtumiaji wake. Jaji mmoja alipinga, akisema kwamba familia haikulalamikia maneno ya mtu mwingine bali muundo wa tovuti yenyewe. Mahakama ya Juu ya Marekani ilikataa kuisikiliza rufaa.

Mimi naegemea upande wa yule jaji mmoja. Kifungu kile kilikusudiwa kumlinda mwenye jukwaa asibebeshwe kashfa iliyoandikwa na mgeni, na sioni kitufe cha kuchuja wauzaji kinakuwaje maneno ya mgeni. Hata hivyo maoni yangu si sheria. Kwa hali ilivyo, Facebook isingekuwa na hofu kubwa ya kushindwa kesi kama ingeruhusu matangazo hayo. Iliyoisukuma ni shinikizo la makundi ya akina mama na ya wanasheria wakuu wa majimbo, na bila shaka watangazaji wa bidhaa ambao hawapendi sabuni yao ionekane kando ya bunduki.

Mwanachuo wa Kansas

Naomba kuuliza, wakubwa. Mimi niko hapa kwa viza ya mwanafunzi, F-1. Kuna Mmarekani tunayesoma naye ambaye anataka kuniuzia shotigani kwa ajili ya kuwinda bata, na tumekuwa tukizungumza kwenye Messenger. Yeye ni mtu binafsi, sote ni wakazi wa Kansas, na Kansas hailazimishi uchunguzi. Kwa maelezo ya mleta uzi naona ni halali kabisa. Nimeelewa sawasawa?

Kibarazani

Mdogo wangu, simama hapo hapo kabla hujaandika ujumbe mwingine.

Sheria ya shirikisho ina orodha ya watu wasioruhusiwa kumiliki wala hata kushika bunduki, na waliomo si wahalifu peke yao. Aliyeingia Marekani kwa viza isiyo ya uhamiaji, nawe wa F-1 umo, amekatazwa. Kuna tundu la kutokea, na ni jembamba: mgeni wa namna hiyo akiwa na leseni halali ya kuwinda iliyotolewa na jimbo lolote la Marekani, katazo humwondokea. Wako wanafunzi wanaonunua leseni hiyo ya bei ndogo na kuwinda kihalali. Lakini leseni lazima iwe mkononi, haijapita muda wake, kabla ya bunduki kukufikia. Asiyekuwa nayo, akinaswa na shotigani ya rafiki, anakabiliwa na kifungo kinachoweza kufika miaka 15, kwa kuwa sheria ya Juni 2022 ilikipandisha kutoka miaka 10. Na huyo mwenzako naye hayuko salama, kwa sababu ni kosa kumuuzia mtu unayejua, au una sababu ya kuamini, kwamba amekatazwa. Yeye anajua kwamba wewe ni mwanafunzi wa kigeni, na Messenger inahifadhi kila mlichoandikiana.

Niwaeleze na wenye ukaazi wa kudumu, wakiwemo waliokuja kwa bahati nasibu ya viza. Ninyi mnaruhusiwa kununua na kumiliki, wala hamhitaji leseni ya kuwinda. Lakini sheria ya uhamiaji inasema kwamba mgeni yeyote aliyetiwa hatiani kwa kununua, kuuza, kutangaza kuuza, kubadilishana au kumiliki bunduki kinyume cha sheria yoyote anaweza kufukuzwa nchini. Rudieni maneno yale: kutangaza kuuza. Kwa raia, kosa dogo la jimbo linaweza kwisha kwa faini. Kwa mwenye grini kadi, hatia hiyohiyo inaweza kumpandisha ndege, hata kama ana watoto waliozaliwa hapa na nyumba anayoilipia mkopo. Ndiyo maana nilikasirishwa na wale waliomwambia jamaa wa bastola kwamba hakuna wa kumuuliza.

Chuma cha Pua

Samahani, naona mnatishana bure. Watu wanauziana kila siku. Facebook imekataza tangu 2016, na mpaka leo utaona tangazo la sanduku tupu la bastola kwa dola 600, na kila mtu anaelewa kilichomo. Sheria gani hiyo isiyomkamata mtu?

Kibarazani

Ni kweli kuhusu masanduku, nami nimeyaona. Mtu anauza sanduku, au stika ya kampuni ya bunduki, kwa bei ambayo hakuna stika duniani iliyowahi kuuzwa, na mazungumzo yanahamia faraghani. Hiyo inathibitisha kwamba Facebook inashindwa kulinda masharti yake. Haithibitishi kwamba sheria imelala.

Mwaka 2017 ofisi ya Bunge la Marekani inayokagua shughuli za serikali ilitoa ripoti ya jaribio lake. Maofisa wake walijaribu mara 72 kununua bunduki kutoka kwa watu binafsi katika mabaraza na tovuti za matangazo za kawaida, wakijitambulisha wazi kuwa wamekatazwa na sheria au wakionyesha dalili za kukatazwa. Hawakufanikiwa hata mara moja. Wengi wa wauzaji walikataa, na baadhi ya waliokubali walikuwa matapeli wasio na bunduki yoyote. Katika upande wa gizani wa intaneti, ambako mtu huingia kwa programu maalumu ya kuficha utambulisho, walijaribu mara saba wakafanikiwa mara mbili. Sisemi kwamba soko la wazi ni safi. Yule muuaji wa Wisconsin hakujitambulisha kwa mtu. Nasema kwamba muuzaji wa kawaida anaogopa jela kuliko unavyodhani.

Na wanaokamatwa zaidi si wale wenye bastola moja. Ni wanaonunua dukani, kisha wanauza mtandaoni wiki baada ya wiki wakijiita watu binafsi. Zamani serikali ilitakiwa kuthibitisha kwamba lengo kuu la mtu huyo lilikuwa riziki na faida. Sheria ya 2022 iliondoa neno riziki, ikabaki kwamba anauza hasa ili apate faida. Kanuni ya utekelezaji iliyotolewa mwaka 2024 na ATF, idara ya shirikisho inayosimamia silaha, ilikwenda mbali zaidi katika kufafanua nani ahesabiwe mfanyabiashara, nayo ikapingwa mahakamani na kusimamishwa katika baadhi ya majimbo. Maneno ya sheria yenyewe hayakuguswa. Kuuza bila leseni ni kifungo cha hadi miaka mitano na faini ya hadi dola 250,000, na kwa mwendesha mashtaka historia ya machapisho yako ni daftari la mauzo uliloliandika mwenyewe, lenye tarehe na bei.

Kuna na mtego mwingine ambao jamaa zetu huingizwa kwa upole: kumnunulia ndugu asiyeruhusiwa. Binamu anakuonyesha tangazo la duka, anakupa fedha, anakuomba uingie kwa kuwa wewe una karatasi. Ukijaza katika fomu kwamba wewe ndiye mnunuzi halisi umesema uongo, na tangu 2022 kumnunulia mwingine kwa hila ni kosa lenye kifungu chake pekee na kifungo cha hadi miaka 15.

Mto Ruzizi

Na vipande je? Naona watu wanauza mtutu peke yake, kitako peke yake.

Kibarazani

Kwa sheria ya shirikisho, kiunzi cha bunduki, yaani kile kipande kinachobeba namba na kushikilia mitambo ya kufyatulia, ndicho kinachohesabiwa kuwa bunduki. Mtutu na kitako kwa kawaida havihesabiwi. Walikuwepo waliouza viunzi ambavyo havijamaliziwa, ili mnunuzi atoboe mwenyewe matundu machache nyumbani na kupata silaha isiyo na namba. Kanuni ya 2022 iliwafikia, na Mahakama ya Juu ikaikubali kanuni hiyo Machi 2025 kwa majaji saba dhidi ya wawili.

Wakili wa Meru

Nimeufuatilia uzi huu nikiwa Arusha, nami naomba kuongeza upande wa nyumbani kabla mtu hajachukua maelezo ya Ohio akayatumia Tengeru. Mleta uzi amesema kwamba kule kampuni inakataza mauzo ambayo sheria inaweza kuyaruhusu. Kwetu mambo yamegeuka: hata Facebook ingeruhusu, sheria isingekuruhusu.

Tanzania tunaongozwa na Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya mwaka 2015. Leseni hapa ni ya mtu fulani kwa silaha fulani, na maombi yake huanzia kwa viongozi wa mtaa au kijiji yakipanda ngazi hadi Polisi. Hakuna kitu kinachoitwa mauzo ya watu wawili wakikutana maegeshoni. Mpokeaji asiye na leseni, akishaishika silaha, anashtakiwa kwa kumiliki silaha kinyume cha sheria, na shtaka hilo limeingizwa katika makosa ya uhujumu uchumi. Tangu marekebisho ya mwaka 2016, adhabu yake si chini ya miaka 20 wala si zaidi ya miaka 30 jela. Linganisheni na ile mitano ya Marekani ambayo mleta uzi ameitaja kwa hofu.

Kenya nako, chini ya Sheria ya Silaha, Sura ya 114, mfanyabiashara lazima asajiliwe na mmiliki awe na cheti, na Bodi ya Leseni za Silaha iliwahi kuwaita wamiliki wote wahakikiwe upya mwishoni mwa mwaka 2018. Nchi zetu nyingi za ukanda huu pia zimefungwa na Itifaki ya Nairobi ya mwaka 2004 kuhusu silaha ndogo na nyepesi.

Binti Mangi

Wakili, shikamoo. Marehemu baba yetu alikuwa na bunduki ya leseni, akiilindia shamba lisivamiwe na nyani. Tangu afariki iko kabatini kwa mama. Kaka yangu amependekeza tuiweke katika kundi la WhatsApp la ukoo, tuone kama kuna mjomba atakayeichukua kwa bei nafuu ibaki ndani ya familia. Kundi ni la ndugu tu. Kuna ubaya?

Wakili wa Meru

Marahaba, mama. Upo ubaya, tena mkubwa, na wala hautokani na WhatsApp. Leseni ilikuwa ya baba, nayo haikurithiwa pamoja na kabati. Kwa sasa mama amekaa na silaha isiyo na mwenye leseni, na kundi kuwa la ndugu hakubadilishi hilo. Mwambie kaka asiandike chochote wala asipige picha, na asiibebe kwenda nayo popote.

Chukueni kitabu cha leseni ya marehemu na cheti cha kifo, muende kituo cha Polisi cha wilaya bila bunduki yenyewe, mwelezeni mkuu wa kituo, wao watapanga namna ya kuichukua na watawapa hati ya mapokezi. Mjomba anayeitaka aombe leseni yake mwenyewe kwa jina lake, na suala la kukabidhiwa silaha ile lishughulikiwe na Polisi wakati ikiwa mikononi mwao. Hiyo hati ya mapokezi muitunze vizuri, kwa sababu msimamizi wa mirathi ataulizwa ilikokwenda.

Binti Mangi

Ahsante, wakili. Tutakwenda Jumatatu.

Mwanachuo wa Kansas

Nami nimemwambia mwenzangu kwamba tusubiri kwanza. Nitaomba leseni ya kuwinda, na hata nikiipata tutapitia dukani kwa muuzaji mwenye leseni ili pabaki karatasi. Ameridhia, ingawa ameuliza mara mbili kama kweli sheria hiyo ipo. Nimemtumia namba ya kifungu.

Kibarazani

Umefanya vyema. Na ukifika dukani utaulizwa kwenye fomu hali yako ya uhamiaji, namba yako ya kuingia nchini, na kama una msamaha. Jibu kama ilivyo, na uwe na leseni ya kuwinda pamoja na hati zako za viza, kwa sababu muuzaji atahitaji kuziona.